IBN BATTUTA: MSAFIRI ALIYEKUTA SURA YAKE IMEBANDIKWA UKUTANI UCHINA

Salamu kutoka Kagunga, mbele ya mwisho wa reli. Ukishuka treni Kigoma, reli imekwisha. Sisi wa huku unatufuata kwa boti, unaambaa na ufukwe wa Ziwa Tanganyika kuelekea kaskazini mpaka unakaribia kuigusa Burundi.

Leo tuweke pembeni siasa, na Simba na Yanga nao wapumzike. Nataka kuwasimulia maisha ya mzee mmoja aliyefariki zaidi ya miaka 650 iliyopita. Najua kuna mtu hapo anataka kufungua ukurasa mwingine kwa sababu muda wake wa kafe unayoyoma. Subiri kwanza, hii inakuhusu.

Angalia nyumbani kwenu. Chupa ya chai ina maua mekundu makubwa, na pengine ndege wawili. Sinia la wageni lina samaki wa rangi ya dhahabu. Kibanda cha video kimekulea na filamu za kung fu, na mpaka leo kuna watu wazima wanaoamini kila Mchina anaweza kuruka ukuta. Yaani China tumeijua kwa macho kabla hatujaijua kwa miguu. Sawa. Lakini je, wao wanatuonaje sisi? Anayepita kwao wanamchoraje? Huyu mzee alikwenda, akaliona jibu limebandikwa ukutani, na jibu lenyewe lilikuwa sura yake mwenyewe.

KIJANA WA MIAKA 21

Jina lake kamili ni refu kama treni ya mizigo, lakini dunia inamjua kama Ibn Battuta. Alizaliwa Tangier, Moroko, mwaka 1304, katika ukoo wa wanasheria wa Kiislamu. Juni 1325, akiwa na miaka 21, aliwaaga wazazi wake na kuondoka kwenda kuhiji Makka. Aliondoka peke yake, hana rafiki wala msafara, na moyo ulimuuma kwa sababu baba na mama walikuwa hai bado. Safari kama ile mtu angetegemea imchukue mwaka mmoja na nusu, au miwili. Yeye alirudi nyumbani baada ya miaka 24.

Alikuwa anaishije njiani? Hapa ndipo vijana tunatakiwa kusikiliza. Mtaji wake ulikuwa kichwani. Alisomea sheria za dini, alijua Kiarabu, na enzi zile karibu kila mji wenye Waislamu, kuanzia Afrika Magharibi mpaka mashariki ya mbali, ulikuwa na kadhi, msikiti na tajiri wa kumkaribisha msomi. Jamaa anafika mji mgeni, anajitambulisha, anapewa chumba, chakula na nguo. Akikaa kidogo anapewa hata kazi ya ukadhi. Na kuoa alikuwa anaoa, tena sana, lakini hilo tuliache.

ALIFIKA MWAMBAO WETU

Mwaka 1331 hivi alipanda jahazi kutoka Aden, akashuka na upepo wa kaskazi. Alifika Mogadishu, akalishwa wali wa samli na ndizi zilizopikwa kwa maziwa mpaka akashangaa wenyeji wanavyokula. Akapita Mombasa usiku mmoja, akaona watu wanaosha miguu kabla ya kuingia msikitini. Kisha akafika Kilwa, na Kilwa akaisifu kuwa ni mmoja kati ya miji mizuri kabisa.

Sultani wa Kilwa wakati huo alikuwa al-Hasan bin Sulaiman, aliyepewa jina la utani la Abu al-Mawahib, baba wa zawadi, kwa jinsi alivyokuwa anatoa. Ibn Battuta anasimulia habari ya fukara mmoja kutoka Yemen aliyemwomba sultani nguo alizokuwa amevaa mwilini, na kweli akazipata.

Sasa angalia jambo moja. Anasema Kilwa ilijengwa kwa mbao. Lakini ukienda leo Kilwa Kisiwani utakuta magofu ya mawe ya matumbawe, ukiwemo Msikiti Mkuu. Nyumba nyingi za watu wa kawaida zingeweza kuwa za miti, ndiyo, lakini mawe nayo yalikuwepo. Kumbuka kwamba habari hizi alizisimulia zaidi ya miaka 20 baadaye, kwa kumbukumbu. Kwa hiyo msome kwa heshima, lakini jicho moja liwe wazi.

Na kuna kitu kingine Kilwa ambacho kinatuleta kwenye mada. Katika miaka ya 1960 mtaalamu wa mambo ya kale Neville Chittick alichimba magofu yale, pamoja na Husuni Kubwa, jumba lililojengwa na huyo huyo Sultani al-Hasan. Humo kwenye udongo kulitoka vipande vya vyombo vya kauri kutoka Uchina. Ukipanda juu mpaka Kunduchi utakuta makaburi ya nguzo ambayo yalipambwa kwa bakuli za Kichina. Babu zetu wa mwambao hawakuzitumia kulia ugali tu. Walizipachika ukutani na makaburini, zionekane. Kwa hiyo haya maua ya chupa ya chai yana ukoo mrefu. Tofauti ni kwamba chombo kilisafiri, aliyekichora akabaki kwao.

Huku kwetu ziwani Ibn Battuta hakufika. Aliishia mwambao, akageuza.

BALOZI ASIYE NA ZAWADI

Miaka miwili baadaye, 1333, jamaa yuko India. Sultani wa Delhi, Muhammad bin Tughluq, alimpa ukadhi na pesa nzuri. Lakini bosi yule alikuwa mtu wa hatari: asubuhi anakujaza mali, jioni unasikia kuna mtu kakatwa kichwa. Ibn Battuta aliishi naye kwa tahadhari kwa miaka kadhaa. Ndipo mwaka 1341 sultani akamteua kuwa balozi wa kupeleka zawadi kwa mfalme wa Uchina, ambaye enzi hizo alikuwa Mmongolia wa ukoo wa Yuan.

Zawadi zenyewe zilikuwa farasi, vitambaa, vyombo vya dhahabu na binadamu pia, maana watumwa walihesabiwa kama mizigo. Hakufika mbali akavamiwa na kutekwa, akaponea chupuchupu. Alipofika bandari ya Calicut, zawadi zikapakiwa kwenye merikebu ya Kichina. Zile merikebu zilikuwa si mchezo: anasema kubwa zake zilibeba watu 1,000, mabaharia 600 na askari 400. Yeye alibaki nchi kavu kwa ajili ya swala ya Ijumaa. Dhoruba ikapiga. Merikebu ya zawadi ikapasuka na kuzama, na chombo kingine kilichobeba mizigo yake binafsi kikatweka tanga na kukimbia bila yeye. Akabaki ufukweni na dinari kumi na zulia la kulalia.

Ungekuwa wewe ungerudi Delhi kumweleza yule sultani? Na yeye hakurudi. Alikwenda visiwa vya Maldivi akawa kadhi, akaenda Ceylon, Bengal, Sumatra, na hatimaye mwaka 1345 au 1346 akatia nanga Quanzhou, bandari ambayo Waarabu waliiita Zaitun. Alifika balozi bila zawadi hata moja.

SOKO LA WACHORAJI

Alichokiona kwanza ni vitu. Hariri ilikuwa nyingi kiasi kwamba hata maskini waliivaa, na nguo moja ya pamba ilikuwa na thamani kuliko hariri kadhaa. Pesa yao ilikuwa karatasi ya ukubwa wa kiganja yenye muhuri wa mfalme. Ukienda sokoni na dhahabu hakuna anayekusikiliza. Vyombo vya kauri vilikuwa bei poa kama vyungu vya udongo kwao Moroko, au chini ya hapo, na vilisafirishwa mpaka India na hata mpaka huko kwao Magharibi. Mjini Hangzhou aliona sahani za mwanzi zilizopakwa rangi nyekundu inayong'aa, kumi zinaingia moja ndani ya nyingine mpaka unadhani ni moja. Ukizidondosha hazivunjiki, ukiweka chakula cha moto rangi haitoki. Nikisoma hapo nawaona mama zetu na seti zao za bakuli.

Halafu akaja kwenye uchoraji. Hapo alisalimu amri. Alisema hakuna taifa linaloweza kushindana nao, si Warumi wala wengine. Na sababu yake haikuwa ya kusikia kwa watu. Aliingia mji wa sultani akiwa na wenzake, wote wamevaa mavazi ya Kiiraki, wakapita katikati ya soko la wachoraji kuelekea ikulu. Jioni waliporudi njia ile ile wakakuta picha zao zimechorwa kwenye karatasi na kubandikwa ukutani. Ikabidi kila mmoja asimame aangalie picha ya mwenzake. Hakuna iliyokosewa. Sura ni zenyewe.

Alipouliza, akaambiwa wachoraji walitumwa kwa amri. Walikuja pale ikulu, wakawaangalia na kuwachora, na wao hawakujua lolote. Akaambiwa pia kwamba ndiyo desturi: kila mgeni anayepita anachorwa. Na akifanya kosa likamlazimu kukimbia, nakala ya picha inatumwa mikoani. Popote atakapoonekana mtu anayefanana nayo, anakamatwa.

Wadau, rudieni hapo taratibu. Hii ni karne ya 14, hakuna kamera wala pasipoti.

Na haikuishia kwenye picha. Kwenye nyumba za kulala wageni, jua likizama anakuja ofisa na karani wake, anaandika jina la kila aliyelala humo, anapiga muhuri na kufunga mlango. Asubuhi wanaitwa mmoja mmoja kwa majina, kisha wanasindikizwa mpaka kituo kinachofuata, na msindikizaji anarudi na hati kwamba wamefika wote. Bandarini nahodha alitakiwa kutaja mzigo wote. Ukigundulika uliofichwa, merikebu nzima inataifishwa. Hili la mwisho alilalamika kwamba ni dhuluma ambayo hajaiona kwingine. Lakini hapo hapo alikiri kuwa hakuna nchi yenye usalama kwa msafiri kama Uchina. Unaweza kutembea miezi tisa peke yako na mali nyingi bila woga.

Hapo ndipo pagumu. Ulinzi uliomfanya alale usingizi ndio uliomchora bila ruhusa yake. Hukuweza kuchukua kimoja ukaacha kingine.

ALISIFU MIKONO, AKAWAKWEPA WENYEWE

Kwa mapokezi yale ungetegemea jamaa aipende Uchina. Wapi! Alisema wazi kwamba nchi haikumfurahisha pamoja na uzuri wake wote. Sababu yake ni dini: ibada za wenyeji zilimkera, na kila akitoka nje aliona mambo asiyoyapenda. Mwisho akawa anajifungia ndani, anatoka kwa shida tu. Akikutana na Mwislamu anafurahi kama amekutana na ndugu wa damu. Siku moja alikutana na mtu wa Ceuta, karibu kabisa na kwao Tangier, wakatazamana na kulia machozi wote wawili.

Hata usiku wa mazingaombwe kule Hangzhou, ambapo alimwona mtoto akipanda kamba iliyotupwa hewani mpaka akapotea, moyo ulimwenda mbio hadi akapewa dawa. Jirani yake, ambaye naye alikuwa kadhi, ndiye aliyemtuliza kwamba yale ni kiini macho tu.

Mimi nimefikiria sana hili. Mtu anasifu sahani, anasifu hariri, anasifu mkono unaochora, lakini mwenye mkono hataki kukaa naye. Na lugha yao hakuijua. Ndiyo maana katika masimulizi yake ya Uchina vitu vinang'aa, watu wanaofahamika kwa majina na tabia ni wachache, na wengi wao ni Waislamu wenzake. Wapo wasomi wanaotilia shaka kama kweli alifika mpaka Beijing, na wengine wanahoji sehemu kubwa ya safari ile ya Uchina. Naona shaka hizo zinalishwa na kujifungia kwake. Aliyekaa ndani huwa na machache ya kuthibitisha.

Wachina nao, haki itendeke, wana makengeza yao. Mwaka 1414 mfalme wao aliletewa twiga kutoka Bengal, na 1415 akaletewa mwingine kutoka Malindi, hapa hapa Afrika Mashariki. Walimchora vizuri kabisa, mabaka yote yapo. Lakini walimwita kwa jina la mnyama wa baraka wa hadithi zao, qilin, ishara kwamba mfalme anatawala kwa haki. Mkono ulichora twiga, kichwa kikaona kitu kingine.

KURUDI NYUMBANI

Ibn Battuta aligeuza kurudi mwaka 1346 au 1347. Mwaka 1348 alikuwa Syria, tauni kubwa ikiwamaliza watu. Huko Damascus ndiko alikopata habari kwamba baba yake alikufa miaka 15 nyuma. Alipokaribia Tangier mwaka 1349 akaambiwa mama naye ameondoka kwa tauni ile ile. Mtu ameona nusu ya dunia, wazazi wawili hakuwazika. Hiyo bei ya kusafiri huwa hatuiweki kwenye hesabu.

Baadaye alikwenda Andalusia na Mali, kisha sultani wa Moroko, Abu Inan, akaagiza habari zake ziandikwe. Alisimulia, na mwandishi Ibn Juzayy akaandika, kazi ikaisha Desemba 1355. Ibn Juzayy alipofika kwenye habari ya picha za ukutani aliongeza kisa cha mfalme wa Uajemi aliyekwenda kwa maadui akiwa amejibadilisha, akatambuliwa kwa picha yake iliyochorwa kwenye chombo cha karamuni. Msafiri wetu alimalizia maisha yake kama kadhi nchini kwake, akafariki 1368 au 1369. Zile picha alizochorwa hatunazo.

SISI JE?

Watu wa Kigoma tunajua vizuri habari ya wageni na picha. Mwaka 1871 Stanley alikutana na Livingstone pale Ujiji, na kitabu cha Stanley cha mwaka uliofuata kina mchoro wa mkutano huo. Wazungu wawili wapo katikati. Watu wa Ujiji, wenye mji, wamesimama pembeni kama miembe, picha haisemi hata jina la mmoja. Mara nyingi ndivyo inavyokuwa: mgeni ndiye anashika kalamu, mwenyeji anachorwa. Kwa Ibn Battuta ikageuka. Yeye ndiye alikuwa na sifa ya kutazama watu wa kila nchi, na Uchina akakuta anatazamwa. Ndiyo sababu kisa chake sikichoki.

Leo vijana wengi mnaosoma hapa mna ndoto za Guangzhou, kufuata simu, nguo na vipuri. Ibn Battuta aliutaja mji huo huo kwa jina la Sin Kalan, na akausifia kauri zake. Ukienda, hoteli itakuandikisha polisi, na sura yako italinganishwa na picha ya pasi. Hata hapa mpakani kwetu tunajua uzito wa karatasi yenye picha: mwenye nayo anapita, asiye nayo anakaa. Mwaka 2015, ndugu zetu wa Burundi walipojaa hapa Kagunga kwa maelfu wakisubiri kuvushwa na meli ya Liemba kwenda Kigoma, mtu angeweza kuwa na historia nzima kichwani, lakini alisimama kwenye foleni kama sura tu.

Kwa hiyo msimamo wangu ni huu. Kuchorwa hakukwepeki, kila nchi ina soko lake la wachoraji, siku hizi linaitwa kamera. Lililo mikononi mwako ni upande wa pili: usifanye kama Ibn Battuta aliyebeba sahani akamwacha mtu. Ukifika kwao jifunze maneno mawili matatu, kaa kwenye benchi, kula nao, uliza jina la aliyekichora kile chombo. La sivyo utarudi na kontena limejaa, na Wachina utaendelea kuwajua kwa chupa ya chai tu.

Mnasemaje wadau? Kama kuna aliyefika Guangzhou au Quanzhou atupe uzoefu wake: ulitazamwaje, na wewe ulitazama nini? Uwanja wa maoni uko wazi hapo chini, ila matusi hapana.